Namba Niliyokuandikia Mara Tatu

Mama Sharon,

Faili yako ilifika mezani kwangu Jumanne, saa nne hivi, ikiwa katikati ya faili ya mtoto wa nimonia na ya mzee aliyepigwa teke na ng'ombe. Wodi waliileta vile wanaleta zote. Mtu akifariki, faili inarudi kwetu rekodi, tunasoma daktari ameandika nini, tunaweka namba ya ugonjwa, tunafunga. Mkubwa wetu aliniuliza kama nataka ampe mtu mwingine. Nikamwambia aache tu. Nilimaliza kwa dakika kumi nikaenda kunywa chai. Sikusikia kitu. Mkono ulikuwa unaandika na mimi niko pembeni nikiungoja umalize.

Ni wiki tatu tangu tukuzike. Watu walilia mpaka sauti zikakauka. Mimi nilikula wali nikaongeza. Dada yako alinitazama vibaya, na sikumlaumu.

Wacha nikuambie nilichokikuta humo ndani. Kabla ulazwe, ulionwa na madaktari wetu mara tatu, na mara zote wameandika maneno yale yale: maumivu ya mgongo, sehemu ya chini. Pembeni, kwa mwandiko wangu, M54.5. Hiyo namba hata hatukuwa tunaifungulia kitabu cha namba, maana hapa kwetu kila mtu ana mgongo: wa magunia, wa kukamua, wa pikipiki. Kisha ukurasa wa wodi. Saratani iliyoanzia kwenye titi ikaingia mifupa ya mgongo. Hiyo ina namba zake mbili, na nimeziandika kubwa, safi, vile ulinifunza.

Halafu nikarudi nyuma na kalamu. Nilitaka kuzikata zile tatu. Mkubwa akaniona. "Za zamani usiguse, Chebet. Siku hiyo daktari aliandika mgongo, basi ni mgongo." Ni kweli. Hata yeye ni wewe ulimfundisha.

Unakumbuka wiki yangu ya kwanza? Daktari alikuwa ameandika kikohozi, mimi nikaweka namba ya kifua kikuu kwa sababu nilimwona mgonjwa dirishani amekonda. Uliinua ile karatasi ofisi nzima ione. "Njooni muone, Chebet amekuwa daktari! Ulisomea wapi, mama? Mbona hukutuita tukale mbuzi?" Walicheka mpaka nikataka kwenda nyumbani. Kisha ukavuta kiti ukakaa kando yangu, ukanieleza polepole. Sisi hatutibu. Tunaandika kile daktari ameandika. Kama hakieleweki, kuna ile karatasi ndogo ya swali, unaibana juu ya faili inarudi kwake: Daktari, tafadhali fafanua. Halafu unangoja. Huongezi lako.

Miaka sita sijaongeza langu.

Lakini nilijua, Mama Sharon. Hapo ndipo nimekwama. Nilikuona ukikunja leso na kuiweka nyuma ya mgongo. Ukasema ni kiti. Tukabadilishana viti, ukasema basi ni godoro. Faili za rafu ya chini ukawa unazisukuma kwa mguu mpaka kwangu: "Okota wewe, bado uko na mgongo wa msichana." Na siku ile ya mvua, tukiwa wawili tu na mandazi yetu, ukaniambia maumivu hayaondoki hata ukilala. Kisha ukaniambia jambo ambalo sikuwa nimeuliza. Kwamba Sharon akiwa bado ananyonya, ulitolewa uvimbe kwenye titi, hospitali ya mbali, ukatibiwa, wakasema umepona. "Hiyo iliisha. Sharon hajui, na hatajua. Ukisema, usinisalimie tena." Ukachukua andazi lingine.

Kwenye faili yetu hiyo operesheni haiko. Ama hawakuuliza, ama waliuliza ukasema hakuna. Katika hospitali nzima mtu aliyejua ya faili na ya mandazi ni mimi peke yangu, na kazi yangu ilikuwa kuandika namba.

Ile mara ya tatu ulikuwa umesimama nyuma yangu kabisa, mkono begani kwangu. Uliona nimesita. Karatasi za swali zilikuwa hapo karibu na kikombe, ningenyoosha tu mkono. Ukasema, "Andika mgongo, twende chai." Nikaandika mgongo, tukaenda chai.

Siku ya mazishi Sharon alinivuta kando ya gari. Daktari wa wodi alikuwa ameona kovu la zamani, akauliza ni la nini, na wakati huo wewe ulikuwa huwezi kuongea tena. Hakuna mtu alijua. "Anti, mama aliwahi kukuambia?" Nikasema hapana. Nilisema haraka, kama mtu anayekataa sukari. Akasema asante anti, akanikumbatia.

Huku wametuletea kompyuta, na kitabu kipya cha namba. Mgongo sasa ni ME84.2. Najua ungelalamika wiki nzima, halafu ungekuwa wa kwanza kuzishika kwa kichwa. Kiti chako kimepelekwa mapokezi.

Jana imekuja faili ya baba mmoja wa Cheptiret, anapakia mahindi kwa malori. Mgongo, mara ya tatu. Nilikuwa nimeshaanza kuandika. Sijui ni nini kilinifanya nifunue nyuma. Uzito wake: kilo sabini na nne, kilo sitini na tisa, kilo sitini na mbili. Madaktari watatu, kila mmoja aliona ukurasa wake. Nikachukua karatasi ya swali, nikaandika hizo kilo zote, nikabana. Daktari alikuja mwenyewe dirishani na uso umekunjamana. "Siku hizi ni nyinyi mnatibu?" Akafungua faili akiwa amesimama, akasoma, akaenda nayo. Mchana nikasikia yule baba amepigiwa simu arudi apigwe picha. Pengine watakuta ni mgongo tu. Naomba ukuwe mgongo tu.

Nilidhani baada ya hapo nitasikia kitu. Wapi! Nilienda nyumbani Langas, nikapika, nikala, nikaosha sufuria.

Nina hasira na wewe, unajua? Kwa nini mimi? Ungemwambia daktari. Ungemwambia mama wa mandazi, yeye angetangaza mji mzima. Ulichagua mtu uliyemfunza kunyamaza. Na mimi nina hasira na mimi, maana ulikuwa unaumwa mbele yangu kila siku na nilijifanya ni kazi ya mtu mwingine.

Leo asubuhi nimefikiria kitu kimoja na hakitoki. Sharon anaamini ugonjwa ulikuja mwaka huu, ukiwa mtu mzima. Hajui ulikuanza ukiwa na miaka ishirini na mitano. Yeye sasa ana ishirini na nne, na saratani ikimshika mama mapema hivyo, binti hupimwa mapema. Siku akienda kupimwa wakamuuliza mama aliugua akiwa na miaka mingapi, atasema arobaini na tisa, kwa roho safi kabisa. Daktari ataandika kile amesema. Na mtu kama mimi, mahali fulani, ataandika kile daktari ameandika.

Kwa hivyo Jumamosi nakuja Munyaka, nyumbani kwako, kumwona Sharon. Sitaanza na kwamba ulinikataza. Nitaanza na kwamba nilijua. Anaweza kunifukuza, na akinifukuza nitarudi Jumapili baada ya kanisa, maana haya si ya kumwachia mlangoni. Pengine nitalia hapo. Kama ni hivyo, nisamehe kwa kumlilia mtoto wako badala ya kukulilia wewe.

Nenda salama, mama. Ulinifunza kazi vizuri, na ulinidhulumu, na nakupenda. Akikubali, nitampeleka kliniki mimi mwenyewe. Nitaingia naye mpaka kwa daktari, na akiulizwa kuhusu mama yake, nitajibu mimi.

Chebet