Mara Hii Tonnerre Hakucheza

Lubumbashi, kwa dada yako Faida

Byamungu,

Sikusalimii kwanza. Salamu utaikuta huko chini, kama itabaki. Nimeona ile video ya harusi. Ulifikiri juu mama yako iko mbali, hana macho? Faida alinionyesha hapa jikoni, anacheka, anasema, "Mama, ona Papa, bado anawaweza!" Na mimi nikacheka, mpaka nikaona mukono wake. Nikaomba arudishe nyuma. Nikaangalia tena. Halafu nikamuambia azime, na siku ile sikugusa chakula.

Ile sauti yenye kusema kwa mikro, "Papa, anguka! Tonnerre, anguka!" ni yako. Nilikuzaa, sauti yako naijua hata ungesemea ndani ya pipa.

Unashangaa kuona barua. Kwa simu nimekuuliza na kukuuliza. "Papa analala, Mama." Asubuhi analala, jioni analala. Nikisema umwamushe, unasema réseau ya simu iko mubaya, unakata. Karatasi huwezi kukata. Kwa masista nilisoma kidogo, lakini kuandika naandika. Faida ataipiga picha, ataituma kwa simu ya Nsimire muke wako, na yeye ataisoma kwa sauti mbele ya kitanda ya baba yako, weye ukiwa umesimama.

Mimi niko muzima. Nilikuja kumulelea Faida mapasa, wale watoto wake wawili wa tumbo moja, nikasema nitakaa mpaka waote meno. Meno imeota, wanatembea, wanavunja sahani, na njia ya kurudi Bukavu imefungwa. Ndege haishuki tena, na barabarani kuko wenye bunduki. Huku bugali wanaita bukari, ya mahindi matupu, inakaa tumboni sawa jiwe. Sambaza, samaki wadogo wa ziwa letu, hakuna. Vumbi ya migodi inaingia mpaka ndani ya chungu. Sisemi ili unihurumie. Nasema ili ujue kama ningepata njia ningefika na fimbo, na haya maneno ungeyasikia mugongoni.

Weye unafikiri baba yako alizaliwa kwa kuchekesha watu. Alikuwa kijana wa kupanga magunia kwa duka ya Mugiriki mumoja, karibu na ziwa. Mugiriki alikuwa na gramofoni na sahani za wale vijana wazungu wa rock, wenye kuimba na kutikisa magoti. Baba yako alishika nyimbo zote bila kujua neno hata moja. Kizungu ile alikuwa anaitunga mudomoni tu, makelele, lakini ukisikia unasimama. Wakafanya orkestra, vijana wane, na gitare ya umeme, ya kwanza mimi kuona. Suruali ilimubana mpaka padri akamusema kanisani, na jioni nusu ya kanisa ilikuwa kwa bar kumuangalia. Watu walitoka mpaka Luvungi, wamekaa juu ya mihogo ndani ya kamyo. Ndio wakamuita Tonnerre, juu akipiga ile gitare ni radi.

Siku moja umeme ikakatika katikati ya wimbo. Gitare ikanyamaza. Mwingine angeona haya, angetoka. Yeye akaanguka chini puu, gitare kifuani, sawa umeme imemuua. Mimi nilikuwa mulangoni na shangazi yangu, tunauza ndizi. Niliingia mbio, nikafungua kikwembe changu cha juu, nikamufunika uso, nikaanza kulia maiti. Bar nzima ikanicheka. Umeme ikarudi, maiti ikafungua jicho moja, ikaniambia, "Dada, usilie bado, wimbo haijaisha." Ndoa yetu ilianzia pale chini.

Kutoka siku ile watu walitaka aanguke kila wimbo. Kisha ikaja ile serikali ya kukataza mambo ya wazungu: majina, kravati, suruali ya kubana. Rock ikawa kosa. Wakamuambia, utamusifu mukubwa kwa nyimbo za kwetu, ama utaenda kuimbia kuta za jela. Akavaa sare, akacheza barabarani na wengine, jua kichwani, na wakubwa wakasema aanguke. Akaanguka. Vita ikaja, askari wakabeba gitare. Sauti ikaisha, ikabaki kuanguka tu. Kwa harusi, aanguke. Mufanyabiashara wa sabuni anamulipa asimame sokoni, aanguke. Mutu anatafuta kura, anamupandisha juu ya gari, aanguke. Kwa kuanguka kule ulikula, Byamungu. Viatu yako ya shule ilitoka pale. Na mimi nilikuwa ninamukanda mugongo na mafuta ya mawese, yeye anahema tu.

Sasa sikia. Baba yako akicheza kuanguka, mukono wa kushoto unatangulia nyuma ya kichwa. Kila mara. Alijifunza hivyo nyumbani juu ya mukeka, mimi nikimuangalia. Kwa video yako mukono wa kushoto unatafuta kitu cha kushika, na unashika hewa. Anaenda na ubavu, sawa gunia. Mukapiga musiki ili ainuke, hainuki. Watu wanazidi kucheka, juu hajawahi kukawia hivyo. Mudomo yake inasema kitu. Weye unaleta mikro karibu ili wasikie, na ni pumzi tu. Halafu unaokota franka walimutupia kifuani. Unaokota zote, Byamungu, hata ile ya chini ya kidevu. Ndipo unamuvuta kwa makwapa.

Sikukuzaa kwa ile.

Nilipigia Nsimire wakati haukuwa nyumbani. Alilia. Alisema muguu wa kuume umegeuka nje na umekuwa mufupi, hakanyagi, anakojoa palepale. Alisema mumeleta mutu wa kumukanda na maji ya moto, na muzee akipiga kelele, weye unafungulia bafle za musiki ili jirani wasisikie. Nilimueleza muuguzi mumoja wa hapa jirani. Hakuzunguka. Alisema nyonga imevunjika, na muzee akilazwa hivyo bila kutunzwa, mapafu inajaa maji na anakufa.

Na jana Faida ananiambia umeshika kazi ya harusi ingine, kule Mumosho, na umewaahidi Tonnerre. Atakaa kwa kiti, na mwisho mutamusukuma aanguke na kiti. Ulimuambia dada yako, "Itakuwa ya nguvu." Ya nguvu! Uko na kichwa ama uko na kibuyu?

Najua mji uko mubaya. Najua banki imefungwa, na watoto wako wakirudi wanaangalia kwanza jikoni. Sikatai. Lakini njaa haikukutuma kufungulia bafle.

Sasa salamu. Nsimire, mukamwana wangu, namushukuru. Na nikisikia umemuinulia mukono juu aliniambia ukweli, utanijua. Mama Zawadi, jirani yetu wa sambaza, namusalimia. Aendelee kumupa muzee supu, asimuulize maneno mengi. Papa Cishugi, mudogo wa baba yako, namusalimia na mabega yake yote mawili, leo nayahitaji. Na weye, Papa Faida, muzee wangu, kama unasikia hii: mara ya kwanza niliamini umeanguka kweli na walinicheka. Naamini tena. Usimuimbie mutu. Vumilia muguu, wanakuja kukubeba.

Ni mimi M'Cirhuza, mama yako, na ninasema hivi. Watu wa Mumosho, uwaambie hapana. Bafle zote mbili na mikro, uza. Kwetu Cimpunda gari haifiki mulangoni, unajua. Basi muite Papa Cishugi na wanaume wawili, mufunge kitanda kwa miti, mufanye tipoi, mumushushe polepole kwa ile njia ya matope mpaka kwa lami, na kutoka pale hospitali. Weye utashika upande wa muguu wenye kuvunjika, ili umusikie vizuri. Watu watatoka kwa milango. Watacheka, watasema Tonnerre anacheza, watangoja ainuke. Usimuachie Nsimire kujibu. Jibu weye, kwa ile sauti yako ya mikro, bila mikro, kila kona mpaka kwa mulango wa hospitali: "Papa hachezi." Nsimire akiweka simu chini, uwe umeshashika muti wa tipoi.