Sifa za Mbele za Watu

Mjukuu wangu Faraj,

Assalaam aleikum. Huku Makadara sote wazima, na nyanyako, dada yangu mkubwa, akusalimu. Mwanangu ameota jino la kwanza, aning'ata kwelikweli. Najua wacheka kuitwa mjukuu na mtu wa rika lako, lakini ukoo ndio ukoo.

Waniuliza kwa nini yule fundi wako Mnepali huko Maskati, uliyemsifu mbele ya wenzake, sasa ataka kuacha kazi.

Kabla sijaolewa nilikuwa nikishona kofia mtaani Ndia Kuu, na msimamizi wetu alikuwa mama Mjerumani. Siku moja akabandika ukutani picha ya Mwanaisha, ati ndiye mshonaji bora. Hata mashallah hakusema. Mtoto wa Mwanaisha akashikwa na homa, naye asije tena kazini. Alisema mwanawe ametiwa jicho.

Tulidhani atafukuzwa. Lakini yule mama alituuliza, "Nimekosa wapi?"

Bi Zuhura, mshonaji mwenzetu, akamjibu, "Umemwanika mwenzetu, mama. Yeye msifu faraghani. Mbele za watu, tusifu sote."

Yule Mjerumani akaibandua picha, akaenda kumjulia hali mtoto. Homa ilipopoa, Mwanaisha akarudi. "Amekuja kwangu kwa miguu yake," alituambia, "nitamwachaje?"

Desturi za Wanepali mimi sizijui, Faraj. Yeye azijua. Mwendee leo, kabla hajafunga sanduku. Usimsifu, wala usijitetee. Muulize tu, kisha unyamaze akujibu.

Mola akulainishie moyo wake.

Nyanyako mdogo,
Saumu