Da Mwatum na Kuku wa Nazi wa Ijumaa

Umetimia mwaka mmoja sasa, Da Mwatum, tangu asubuhi ile ya Jumanne tulipokushusha ngazi za Mkunazini kwa jeneza, tukaenda kukuzika. Watu walituambia tungoje, mwaka ukipita moyo utatulia. Mwaka umepita. Haujatulia.

Binti yangu Nadra alitaka kuandika tangazo hili la kumbukumbu yeye, kwa kuwa amesoma. Nilimwambia aniachie mimi, Matar, mdogo wako, ingawa skuli nilitoka darasa la sita. Yeye angeandika vizuri zaidi, lakini asingeandika yale ninayotaka kukwambia.

Wanaosoma hapa si wote wanaokujua, kwa hiyo nitawaambia. Ulikuwa fundi cherahani. Ulishona sare za skuli miaka thelathini na moja, dirishani pako, ghorofa ya pili. Kila sketi na kila suruali uliiachia pindo refu kwa ndani, bila ya kuombwa, ili mtoto akirefuka mama yake airudishe kwako uifumue na kuishusha. Juzi pale Darajani nilimwona mtoto wa kike amevaa sketi yenye alama ya pindo la zamani. Nikajua ni mkono wako. Nilisimama nikaitazama ile sketi mpaka ikapotea kwenye watu.

Mama alipofariki mimi nilikuwa na miaka tisa na wewe kumi na saba. Ulinilea wewe. Siku niliyorudi nyumbani nikasema skuli basi, sirudi tena, nilikaa kungoja bakora. Hukunipiga. Uliagiza kuku wa kienyeji kwa watu wetu wa Chwaka, ukapika kuku wa nazi, ukaniwekea paja. Ukasema, "Kula. Kesho tutakwenda kutafuta fundi wa mabomba akufunze kazi." Kazi hiyo ndiyo inayonilisha hadi leo.

Tangu siku ile kuku wa nazi akawa wa Ijumaa. Hata nilipooa na kuhamia Kiembe Samaki, kila Ijumaa tukitoka msikitini tulikuja kwako, mimi, mke wangu Wanu na binti yetu Nadra. Ulimpaka kuku kitunguu thomu, tangawizi na ndimu, ukamchoma kidogo juu ya makaa mpaka ngozi ibadilike rangi. Halafu ulimtia kwenye chungu na tui jepesi na bizari, ukamwacha achemke polepole. Tui zito la mwisho ulilitia wewe mwenyewe, na hapo hukubanduka. Ulikoroga upande mmoja bila ya kupumzisha mkono, maana tui likiachwa linakatika, mchuzi unakuwa maji mbali na mafuta mbali.

Na hapo ndipo ulipokuwa na tabia yako moja ambayo sisi sote tuliijua. Siku zote ukiitwa, hata na mtoto mdogo, uliitika "Naam." Ulitufunza hivyo na sisi. Lakini tui likiwa motoni huitiki mtu. Tuliita kutoka chini ya ngazi, tukiona kimya tunacheka, tunasema kuku bado, tusiende mbio.

Sasa nifike ninapotaka kufika.

Mwaka ule wa mwisho chakula chako kilianza kuzidi chumvi. Ijumaa ya kwanza tulisema imetokea tu. Ya pili na ya tatu Wanu alijikamulia ndimu kwenye sahani akanywa maji mengi. Nadra alikula mkate wa ufuta akauacha mchuzi. Hakuna aliyesema. Ijumaa ya nne walikuja watu wa kijana Muhiddin kumposa Nadra, na ukawapikia. Mzee wao alionja kijiko kimoja akaweka kijiko chini. Mimi niliona aibu, na watu wote wananijua kuwa sijui kuzungukazunguka na maneno. Nikasema mbele yao, "Da Mwatum, huu si mchuzi, haya ni maji ya pwani."

Ulichota ukaonja. Ukachota tena. Mara ya tatu ulikaa na kijiko mdomoni muda mrefu, na mimi nikakuona usoni. Ulisema taratibu, "Mbona mimi sisikii kitu?"

Kumbe ulimi wako ulikuwa umekufa, na ndio kwanza ulijua, mbele ya wageni, kwa mdomo wangu. Mzee wa Muhiddin alijaribu kuweka sawa, akasema mwanamke wa pwani asipozidisha chumvi si wa pwani. Watu wakacheka. Wewe ukatuangalia sisi mmoja mmoja, ukauliza, "Tangu lini?" Wanu akaificha ndimu nyuma ya sahani. Ukasema, "Kwa hiyo mlikuwa mnakula kwa kunionea huruma." Ukakusanya sahani.

Baada ya hapo hukupika tena kuku. Tukija Ijumaa tulikuja na chakula chetu kutoka nyumbani. Ulikula, ukasema ahsante. Niliwahi kukuomba radhi, lakini niliomba kama watu wanavyoomba wakati Ramadhani inaingia, nikasema unisamehe lolote nililokukosea. Ukasema umesamehe. Lile jambo lenyewe sikulitaja. Nilijiambia kulitaja ni kukutonesha. Mimi ninayemwambia kila mtu ukweli wake, hilo moja lilinishinda.

Ndoa ya Nadra ilipokaribia likaja suala la kombe, lile sinia la chakula wanalopelekewa bwana harusi na watu wake kutoka upande wa bibi harusi. Kombe bila ya kuku mzima wa nazi si kombe. Wanu aliniambia nikuulize kwanza. Nikamwambia nikuulize nini, tunataka kumtia mtu unyonge kwa mara ya pili? Nikamwendea mpishi mmoja kule Fumba nikaagiza.

Ijumaa ile nilikuja peke yangu. Nilikuita kutoka chini ya ngazi. "Da Mwatum!" Hukuitika. Nikaita tena. Kimya. Nikapanda huku nikijisemea kwamba ulimi umekwenda na sasa masikio nayo yanakwenda. Nilikukuta umesimama mlangoni mwa jikoni, umeshusha pazia nyuma yako, unajifuta mikono kwa kanga. Ulikuwa na jasho. Ulikuwa unacheka kidogo.

Nikasikia harufu ya bizari na nazi. Nikakuuliza nani anapika.

Ukasema, "Kaa kwanza, Matar. Nna neno nataka kukwambia."

Nikakwambia na mimi ninalo, tena la haraka, niliseme nikimbilie kazini. Nikasema, "Kombe la Nadra nshaagiza Fumba. Wewe usijisumbue, pumzika."

Ukasema, "Hewala."

Nikakuuliza neno lako wewe ni lipi. Ukasema halikuwa kitu. Nikauliza tena harufu ile ni ya nani, ukasema ya jirani. Ulinimiminia chai, nikainywa nimesimama, nikaondoka. Jumatatu yake, asubuhi, presha ilikupanda ukaanguka karibu na cherahani. Tulipofika ulikuwa umeshakata kauli, na usiku ukafariki.

Siku ya arubaini yako, wasomaji wa hitma walipoondoka, jirani yako Bi Sichana aliniita pembeni. Alikuwa na kifuniko kidogo cha chupa ya siki amekifunga kwenye kitambaa. Akaniambia kwamba tangu siku ya posa ulikuwa ukimwita kila Jumapili. Unapika kuku mdogo, yeye anakuonjea. Ulikuwa umeacha kutia chumvi kwa mkono, unaipima kwa kifuniko kile, unaisawazisha juu kwa kidole. Kifuniko kimoja, Bi Sichana anasema haijafika. Vitatu, anasema imezidi. Bizari hivyo hivyo, ndimu hivyo hivyo. Miezi minane mlifanya kazi hiyo, na mimi sijui. Mwisho akakwambia, "Mwatum, sasa ni yule yule wa zamani." Hukumwamini. Ulimtaka aape.

Akaniambia Ijumaa ile kuku alikuwa jikoni. Ulikuwa umempika kwa ajili yangu, nile kwanza nishibe, halafu uniambie kwamba kombe la Nadra unalipika wewe. Nilipoondoka ulimgongea Bi Sichana ukampa chungu kizima. Alikuuliza Matar kasemaje. Ukamwambia, "Kashaagiza. Kula wewe na watoto." Nilimuuliza alikuwaje yule kuku. Bi Sichana akasema hajapata kula kuku kama yule.

Da Mwatum, miaka arubaini na zaidi nilikuwa najua kwamba kuna jambo moja tu linalokufanya usiitike. Ijumaa ile nilikuita mara mbili, hukuitika, na nikapanda ngazi nikidhani umekuwa kiziwi.

Nadra aliolewa. Tuliahirisha, kisha ikabidi ifanyike, bila ya ngoma. Kombe lilitoka Fumba. Watu walikula. Mimi sikuweza.

Wiki mbili zilizopita tulijaribu. Nilinunua kuku wa kienyeji, Bi Sichana akaja na kifuniko, Wanu akashika mwiko. Bi Sichana alisimamia, lakini yeye kazi yake kwako ilikuwa kuonja, hakuangalia mkono wako ulikuwa unafanya nini. Hatukujua unamwacha kwenye makaa muda gani. Hatukujua tui jepesi unalikamua mara ngapi kwenye kifumbu cha kuchujia nazi. Likatiwa tui zito, Wanu akaanza kukoroga, na mimi nikiwa uani nikamwita aniletee kiberiti. Akaitika "Naam," akageuka. Tui likakatika.

Tulikula hivyo hivyo. Chumvi ilikuwa sawasawa. Hicho ndicho kitu pekee kilichokuwa chako.

Nimemuuliza shekhe wa msikiti wetu mtu anamwombaje radhi aliyekwisha kufa. Alinijibu kwa upole, nikuombee dua, nitoe sadaka kwa niaba yako. Ninafanya yote mawili na nitaendelea. Lakini sitaki kuwadanganya wanaosoma. Hayajanipa usingizi. Dua inakwenda kwa Mwenyezi Mungu, na yeye ni mwingi wa kusamehe. Mimi nilikuwa nataka kusikia kutoka kwako.

Nadra ameisoma karatasi hii. Amesema, "Baba, haya si ya kutangazwa." Nimemwambia aibu ulitiwa wewe mbele ya watu, basi na mimi niseme mbele ya watu. Mchuzi wako wa miaka yote ulikuwa mtamu. Ijumaa nne tu ulizidi chumvi, na tuliokuwa na ndimi nzima tulikuwa sisi. Ilikuwa ni wajibu wangu kukwambia Ijumaa ile ya kwanza, jikoni, mimi na wewe peke yetu.

Nyumba yako wamepangishwa watu wengine. Cherahani ipo kwetu, imefunikwa. Nguo tatu ulizokuwa hujazimaliza tuliwarudishia wenyewe kama zilivyo, na hakuna aliyelalamika. Mama mmoja alikataa kumpa fundi mwingine ile ya mwanawe. Amesema ataiweka. Kifuniko kipo juu ya kabati la Wanu, na sijui tunakiwekea nini.

Hitma yako itasomwa Ijumaa hii baada ya sala ya Alasiri, nyumbani kwetu Kiembe Samaki. Wote waliokujua, na wote waliovaa nguo ulizoshona, wanakaribishwa. Kutakuwa na wali na mchuzi wa samaki. Kuku hatutapika.

Mwenyezi Mungu akurehemu na alipanue kaburi lako.

Tunaokukumbuka ni mimi mdogo wako, Matar Jecha. Wifi yako, Wanu. Mtoto uliyemlea pamoja nasi, Nadra, na mumewe Muhiddin. Jirani na mwonjaji wako, Bi Sichana, na wanawe. Na jamaa zetu wote wa Chwaka na Mkunazini.

Kazi zangu za mabomba bado zinanipitisha chini ya ngazi zako. Sisimami, wala siiti. Kukukumbuka tutakukumbuka siku zote, Da Mwatum, maana hakuna kingine tulichobakiwa nacho cha kukufanyia.