Kwa Ndesanjo, Aliyeuzoesha Mtaa Kunyamaza

Mwaka umekatika, Ndesanjo, tangu ulipotutoka asubuhi ile pale nyumbani kwetu, mtaa wa Sakina.

Ulikuwa mtu wa kazi na utani. Wenzako walisubiri wafadhili. Wewe ulisema ua wa Mama unatosha kutengenezea filamu. Nguo za waigizaji zilitoka kabatini kwetu. Kila filamu ilikuwa na msiba, na marehemu ulikuwa unaigiza wewe mwenyewe, eti marehemu wa kukodi naye atataka posho. Ukiwa umelala kwenye jeneza la kuazima, ulimsahihisha mkeo Nice: "Lia vizuri, mama, watu wa Levolosi wanalipa kiingilio." Na kweli walilipa. Mabanda ya video yalijaa, tukala, tukasoma, tukaezeka nyumba.

Kilichokusumbua ni redio za majirani. Ulipita mlango kwa mlango, shikamoo kwa kila mzee, ukiwaomba wakisikia kilio kwetu wazime kila kitu na wabaki ndani, wasiharibu sauti. Walikupenda, wakazoea.

Asubuhi ile pumu ilipokubana, Mama na Nice walipiga mayowe kuomba gari. Redio zikazimwa mtaa mzima. Lesian, fundi wa jirani, alikuwa akijaribu injini ya gari. Akaizima, asikuharibie kazi. Mdogo wako Joel aliruka uzio akamwambia, "Kaka, leo si filamu." Waliporudi mbio ulikuwa umeshaacha kuhema.

Tulikulaza kijijini kwetu Akheri, migombani. Mama alisimama kando ya kaburi akingoja useme "kata", neno lako la kusimamisha kamera, uinuke kama siku zote. Udongo ukaanza kumwagwa, naye bado anangoja.

Joel alijaribu kuimalizia filamu uliyoiacha njiani. Imebaki kurekodiwa sehemu ya kilio tu, na hapa nyumbani hakuna anayeweza tena kulia mbele ya kamera. Mabanda yanaonyesha filamu za wengine. Kamera iko kabatini na hatumwoni wa kuitoa. Inatuuma sana.

Unakumbukwa na mama yako Elieshi, mkeo Nice, mdogo wako Joel, na Lesian, aliyeomba jina lake liandikwe pamoja na ya familia. Tumemwambia hana kosa, hataki kusikia.

Mama akilia uani, majirani bado wanazima redio. Wa kusema "kata" hayupo.

Hutatutoka moyoni, Ndesanjo.