Lugha Niliyoikataza

Jumanne usiku, Old Moshi

Bado nina hasira, ila sijui namkasirikia nani. Neema ana miaka miwili na nusu na hajasema neno zaidi ya "mama". Watoto wa rika lake kanisani wanaomba maji, wanagombana, wanatoa shikamoo.

Leo nimewahi kurudi kutoka kazini. Nimemkuta mama mkwe jikoni anamenya ndizi za kupikia mtori, Neema kakaa miguuni pake. Wote kimya.

"Mama, mbona huongei naye?"

Hakuinua macho. "Si ulinikataza Kichagga? Ulisema kitamchanganya. Kiswahili changu ni cha sokoni, Mama Neema. Cha kubembelezea mtoto sina."

Kweli nilimkataza. Nilitaka mtoto aanze chekechea na Kiswahili safi. Sikujua kwamba nikiwa kazini mjini, mwanangu anashinda na bibi yake kutwa nzima bila kusikia sauti ya mtu.

"Basi, Mama, ongea naye unavyojua. Nakuomba."

Neema akanyoosha mkono kutaka ganda la ndizi. Bibi yake akampa. Hakuna aliyetoa sauti, wala hakuna aliyeona ajabu.

Wameshazoea.