Masale Kumi na Moja

Akheri, Meru
14 Juni 2024

Kwako kaka Sifaeli,

Shikamoo kaka. Natumaini baridi ya Mbeya haijakushinda, na wifi na watoto hawajambo. Sisi huku tupo. Mama miguu bado inamsumbua, lakini ibada hakosi. Catherine ana kikohozi, kwa hiyo nami nasinzia nimesimama kama punda. Mwandiko uuvumilie.

Barua yako niliipata. Ulisema tuikubali taarifa ya kamishna, kwa kuwa mtu aliyeteuliwa na mahakama kuangalia mpaka wetu na Mzee Solomoni hawezi kukosea, na niache kuwaaibisha. Nilikusikia kaka. Sikukutii.

Huyo kamishna sikia alivyopima. Alikuja siku ya mvua, kavaa viatu vyeupe vya harusini. Akafika barazani kwa Mzee Solomoni, akaona tope, akaketi. Akaletewa loshoro, akamaliza bakuli, akaongezwa. Palepale kitini akanyoosha kidole kwetu, akauliza yale masale, ile mimea iliyojipanga mstari kwenye kahawa yetu, ni mangapi. Mzee akamwambia kumi na moja, akaandika. Basi, kazi imekwisha. Mama alimkaribisha avuke mfereji aone kahawa na kaburi la baba, akajibu ameshaona vya kutosha. Ameona nini zaidi ya bakuli?

Taarifa ina kurasa tisa na mihuri kila mahali. Eti hayo masale yalipandwa na mababu zaidi ya miaka arobaini iliyopita, kwa hiyo ndiyo mpaka. Maana yake kahawa yote ya chini ni ya Mzee Solomoni, na kaburi la baba pia. Kaburi lenyewe hakulitaja. Mtu mzima, msomi, anapima shamba haoni msalaba!

Niliandika pingamizi kwa mkono wangu. Jumanne nikasimama mbele ya hakimu, Catherine kalala begani. Nikamwuliza kamishna kama alivuka mfereji. Akasema kitaalamu haikuwa lazima. Nikamwuliza hayo masale yana unene gani. Akasema wa kutosha. Watu wakacheka, hata hakimu akainamia karatasi zake. Mzee Solomoni akanong'ona kwa nguvu, ili nisikie, kwamba binti aliyezalia nyumbani atajuaje mipaka. Nikamwambia shikamoo mzee, subiri zamu yako.

Kisha nikatoa picha. Hapa, kaka, kaa chini.

Yale masale niliyapanda mimi.

Ulipomwapisha baba asinipokee na mimba yangu, uliondoka ukiamini atashika neno lako. Hakulishika. Nilikwenda alfajiri nimebeba sale, nikapiga magoti mlangoni. Unajua mwenyewe, kwetu anayeomba msamaha na sale hakataliwi. Baba alilipokea, akaenda kulichomeka kule chini kwenye kahawa, akasema wewe usiambiwe, usije ukajiona umedharauliwa. Catherine alipozaliwa nikachomeka mengine kumi kwenye mstari huohuo, ndama wasikanyage maharage yangu. Hao ndio mababu wa kamishna.

Kwenye picha baba amemshika Catherine mkono, anamfundisha kutembea. Nyuma yao safu nzima ya masale haijafika hata gotini. Hakimu aliitazama muda mrefu, akauliza ni ya lini. Nikamjibu ni ya miaka mitatu iliyopita. Taarifa ameitupa. Tarehe tano Agosti mahakama itakuja yenyewe shambani, na mvua ikinyesha watavaa mabuti.

Wewe hukufika hapa mpaka siku ya mazishi, ukadhani nami nimerudi siku hiyo. Ulimpita Catherine bila kumtazama, ukiamini babu yake naye hakumtaka. Kaka, alimbeba kila siku. Nilikuficha kwa sababu aliniomba. Lakini kuendelea kuficha kungempa Mzee Solomoni kaburi lake, na hilo sikuweza.

Njoo tarehe hiyo utoe ushahidi kwamba ulipoondoka hapakuwa na sale hata moja pale. Sukari usibebe, ipo. Ukifika pitia kwanza kule chini, kata jani moja kwenye ile safu, uje nalo mlangoni. Mimi nitakuwa ndani. Nitalipokea.

Mama anakusalimu sana. Catherine anauliza mjomba anafananaje, nimemwambia asubiri Agosti. Wifi mpe pole na majukumu, watoto wabusu.

Ni mimi mdogo wako,
Eunike