Bibi wa Denmark na Maneno Yangu

Jumanne, 11 Novemba 2025

Hoteli imeingiwa na wazimu. Wiki nzima ya filamu bubu za Denmark! Mwigizaji mmoja, Ingeborg Vesterskov, alikufa zamani, leo picha zake zimejaa hadi kwenye lifti. Nimesimama mlangoni na suti yangu ya sekyuriti, nikimsikia mtaalamu akiwaeleza wageni: alianzia Kopenhagen, akawa staa Berlin, kisha sinema zikaanza kuongea, Wajerumani wakacheka lafudhi yake. Kazi kwisha. Wageni wakasikitika sana. Ya nini? Mtu alilipwa miaka yote hiyo kupepesa macho. Hata mbuzi wa shangazi yangu hupepesa.

Jumatano, 12 Novemba

Charity wa idara ya hafla ameniita. Amesikia kwamba zamani Kayole nilikuwa natia maneno sinema za karate kwenye mabanda ya video. Ijumaa wafanyakazi tutaonyeshwa filamu moja ya huyo bibi, kule makazi yetu Al Thumama, huku huku Gulf. Anataka niitie maneno, watu wacheke. Wakicheka, atanitoa mlangoni anichukue kwake. Kutoka kwenye hili jua — ! Nilikubali kabla hajamaliza.

Alhamisi, 13 Novemba

Nimeitazama kwa simu. Takataka. Kijakazi, ndiye huyo bibi, anamwacha mtoto kwa nyanya, aende kazi mjini. Anatembea kwenda stesheni, anatembea, anatembea — si apande nduthi tuendelee na mambo! Nimembatiza Mama Dennis. Kiptoo, tunayelala naye chumba kimoja, amecheka hadi akashika mbavu. Huyo hata kijiko kikianguka hucheka. Wenzangu wote wako hivyo. Kazi ni yangu.

Ijumaa, 14 Novemba

Naandika kwa simu, kando ya skrini. Projekta imezimika katikati, fundi anahangaika nayo.

Mwanzo ulikuwa moto. Mama Dennis alipounguza uji, ukumbi ulivunjika mbavu, Charity akapiga meza. Kisha Mama Dennis akaanza kumvalisha mtoto soksi. Nikamtilia maneno, mama akimuaga mwanawe: "Kaa rada Dennis, mathako anaenda Gulf!" Hata mmoja hakucheka. Nikadhani hawakusikia, wajinga hawa, nikarudia kwa sauti zaidi.

Phyllis wa dobi akasimama. Ana mtoto mdogo kwao Bungoma. Hakufoka. Akaniomba ninyamaze kidogo, wamwone huyu mama. Na Kiptoo — Kiptoo! — akasema, "Zima hiyo mic, buda."

Washamba! Nimekasirika, na nimeona haya pia. Nikazima mic. Yule bibi wa Denmark akaenda zake bila neno, mgongo tu kwenye skrini, na ukumbi mzima ukautazama mgongo ule. Phyllis akawa anajiuliza kwa sauti ndogo kama atageuka. Ndipo projekta ikazimika.

Charity amekuja mbio. Ananinong'oneza kwamba meneja ameingia, nichekeshe sasa hivi, nafasi ndiyo hii.

Mimi najua bibi hageuki. Mzaha wa hapo ninao, tena ndio mzuri kuliko yote. Fundi amemaliza, taa zimezimwa. Phyllis amehamia kiti cha mbele. Charity ananionyesha kidole gumba, anza, anza —